Shela kwanza au mpango kwanza?

Sifa zote njema zinamstahikia Allah (SW), Aliyetuteremshia mavazi ya kujisitiri na kujipamba, na Akajaalia mapenzi na huruma baina ya mume na mke. Rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (SAW), aali zake na sahaba zake wote.

Ama baada ya hayo. Kila mwaka mvua zinapokaribia kukatika hapa kwetu Matai, na mahindi yanapoanza kukaukia mashambani, kamati ya msikiti huanza kupokea maombi ya tarehe za ndoa. Msimu wa harusi katika Uwanda wa Ufipa hufuata msimu wa mavuno, kwani mkulima huoa au huozesha pale ghala linapokuwa na kitu. Pamoja na maombi hayo huja maswali ya wazazi, na miongoni mwa yanayojirudia ni hili: Je, vazi la bibi harusi lichaguliwe kabla ya kupanga harusi, au baada yake?

Wapo watakaoliona swali hili kuwa dogo, la kinamama na mafundi cherehani, lisilostahiki kuletwa mbele ya kamati. Sisi hatukubaliani nao. Tumeshuhudia tarehe za ndoa zikisogezwa kwa ajili ya shela, na tumesikia mahari ikigeuzwa kuwa ahadi kwa sababu fedha zake zimekwenda dukani. Jambo linaloweza kuichelewesha halali na kumnyima mwanamke haki yake halipaswi kuitwa dogo. Kwa hiyo, ndugu msomaji, tumeona safu ya wiki hii tuielekeze huko.

Tuanze kwa kukumbushana ndoa ni nini. Kwa mujibu wa madhehebu ya Imam Shafi, ambayo ndiyo wengi wetu tunayafuata, nguzo za ndoa ni tano: mume, mke, walii, mashahidi wawili, na tamko la kuozesha na kukubali. Mahari nayo ni haki ya lazima ya mke hata kama haikutajwa wakati wa akdi. Shela halimo katika nguzo hizo, wala keki, wala ukumbi, wala sare za ndugu. Haya yote ni ada. Ada njema haikatazwi, lakini ada haipewi nafasi ya faradhi.

Kuna sababu inayofanya wengi wetu tulione vazi kuwa mwanzo wa mambo. Sisi Waislamu wa Rukwa tunaishi na majirani na ndugu wengi Wakristo, tunaalikana na kuchangiana harusi kwa wema. Katika harusi ya kanisani bibi harusi huingia mbele ya watu wote, na ibada yenyewe hufungwa yeye akiwa pale na gauni lake. Ni haki kwao vazi lipewe uzito huo. Ndoa yetu haiko hivyo. Mara nyingi akdi hufungwa msikitini au barazani baina ya walii na bwana harusi, mbele ya mashahidi, ilhali bibi harusi yuko nyumbani na wanawake wenzake. Ameshaulizwa, ameridhia, na ridhaa yake imefikishwa. Anaweza kuwa amevaa doti ya kanga mpya na ndoa yake ikawa imetimia. Maana yake ni kwamba kwetu sisi vazi halina saa yake maalumu mpaka tuipange sisi wenyewe. Na jambo lisilo na saa yake haliwezi kutangulia ratiba.

Ama hilo gauni jeupe lenye mkia, wengi hudhani limekuwapo tangu zama za kale. Historia yasema vingine. Malkia Victoria wa Uingereza alipoolewa tarehe 10 Februari 1840 alivaa satini nyeupe na lesi, na ni baada yake ndipo vazi jeupe lilipozidi kuenea miongoni mwa matajiri wa Ulaya, kisha likasambaa duniani. Kabla ya hapo bibi harusi wa huko alivaa nguo yake nzuri kuliko zote, ya rangi yoyote. Huku kwetu Uswahilini, bibi harusi wa pwani alijulikana kwa kanga za kisutu, hina na singo, na kwa maneno ya somo wake. Na hapa hapa Ufipa, katika karne ya 19 wazee wetu walifuma nguo za pamba kwa mikono yao, kabla nguo za viwandani hazijazima kazi hiyo. Hatusemi haya ili kuliharamisha gauni jeupe. Ni halali likiwa na sitara. Tunasema haya ili binti asiye na uwezo wa kulipata asijione kuwa amepungukiwa na kitu katika ndoa yake.

Sasa turejee kwenye swali. Jibu letu ni kwamba vazi lije baada ya mpango, na sababu ni nyepesi kuifahamu. Vazi la bibi harusi ni jibu la maswali manne: Litavaliwa lini? Litavaliwa wapi? Litaonwa na nani? Litalipwa kwa fedha ipi? Anayelinunua kabla ya maswali hayo kujibiwa ametoa jibu la swali asilolijua, na baadaye harusi nzima italazimika kuzunguka ili ilifuate gauni.

Tulichukue swali la kwanza, la wakati. Uwanda wetu umeinuka zaidi ya mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na anayeishi hapa anajua baridi ya Juni na Julai. Gauni la kitambaa chepesi lililochaguliwa kwa kutazama picha za harusi ya Dar es Salaam litamtetemesha binti wa Matai usiku wa Julai, na mwishowe atafunikwa koti la kaka yake juu ya shela la gharama. Kinyume chake, harusi ikisogezwa mpaka Desemba, mvua zimeshaanza na njia za vijijini zina tope. Mkia wa gauni utafagia matope kutoka kwenye gari mpaka mlangoni. Wapo pia wanaopenda kuoana katika Shawwal, mwezi ambao Mtume (SAW) alimuoa Bibi Aisha (RA). Hao wakumbuke kuwa mwaka wa mwezi mwandamo ni mfupi kwa siku 11 hivi kuliko mwaka wa jua, basi Shawwal ya mwaka huu haiangukii pale ilipoangukia miaka michache iliyopita. Tarehe hubadili kitambaa, bitana na urefu wa gauni. Itangulie tarehe.

Tena tarehe yenyewe haiko mikononi mwa familia peke yake. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inawataka wanaokusudia kuoana watoe taarifa kwa msajili au ofisa wa usajili siku zisizopungua 21 kabla ya siku ya ndoa, isipokuwa pale sheria inapotoa ruhusa maalumu. Tumepata kuona familia imekwisha kulipia shela, gari na mpambaji, kisha wanakuja msikitini siku tisa kabla, wakidhani kazi ya katibu ni kuandika cheti tu. Taarifa ikitangulia, mengine yote yanapata pa kusimama.

Swali la pili na la tatu, mahali na watazamaji, yanakwenda pamoja. Allah (SW) katika Surat Al-A'raf, aya ya 26, ametukumbusha kuwa mavazi tumepewa ya kusitiri tupu zetu na ya pambo, kisha akatuelekeza kuwa vazi la ucha Mungu ndilo bora. Mwanamke anapojipamba mbele ya mumewe, au kwa mipaka inayojulikana mbele ya wanawake wenzake na maharimu wake, ana wasaa. Anapoketi mbele ya wanaume ajinabi, hukumu ni nyingine. Basi kabla ya kuchagua mshono ni lazima ijulikane: Wanawake watakuwa na sehemu yao? Bwana harusi ataingia kwa mkewe wakati gani, na nani ataingia pamoja naye? Nani atapiga picha, na simu za wageni zitazuiwaje? Familia iliyopanga chumba cha wanawake peke yao inaweza kumpa binti yao nafasi kubwa ya kujipamba. Familia iliyopanga mkusanyiko wa pamoja haina nafasi hiyo. Hapo vazi liwe pana, lisilobana, lisiloonyesha mwili, na ushungi uwe wa kweli. Tatizo hutokea pale gauni lisilo na mikono linaponunuliwa Machi, na mahali pakajulikana Julai. Siku ya siku binti huongezewa vipande vya kitambaa mabegani, au huachwa hivyo hivyo kwa hoja kwamba fedha imeshatumika. Hoja hiyo haikubaliki mbele ya Allah, na haikuhitaji kuwapo lau mahali pangejulikana kwanza.

Swali la nne, la fedha, ndilo zito kuliko yote, na hapa tunaomba wazazi watusikilize kwa makini.

Tutoe mfano wa hesabu, usio wa mtu yeyote. Tuseme kijana anatarajia kuuza magunia 20 ya mahindi, na anakadiria shilingi 60,000 kwa gunia. Moyoni mwake anazo shilingi 1,200,000. Amekubali mahari ya shilingi 500,000. Mwezi wa tatu, mahindi yakiwa bado mabichi, upande wa bibi harusi unamwambia kuwa shela zuri limeonekana Mbeya, bei yake ni shilingi 450,000, na lisipochukuliwa sasa litakwenda. Anakopa, analipa. Wakati wa mavuno bei inashuka mpaka shilingi 45,000. Sasa anazo shilingi 900,000. Akilipa deni la shela, zinabaki shilingi 450,000, ambazo hazifiki hata mahari, na bado hakuna walima, usafiri wala godoro. Ndipo wazee wanapokaa na kusema: mahari tuiweke kuwa ya baadaye.

Sasa tugeuze mpangilio. Kijana yule yule, bei ile ile ya shilingi 45,000. Anatoa kwanza mahari shilingi 500,000. Zinabaki 400,000. Walima wa shilingi 250,000, usafiri 50,000, mavazi ya wote wawili 100,000. Harusi ni ndogo, lakini mke ameingia nyumbani kwake akiwa na haki yake mkononi, na mume hana deni. Tofauti ya nyumba hizi mbili haikuletwa na bei ya mahindi, iliyokuwa moja kwa wote. Imeletwa na kitu kilichotangulia.

Ndugu zetu, mahari ya kucheleweshwa inaruhusiwa ikiwa mwanamke ameridhia. Lakini tujiulize kwa ukweli: katika vikao vyetu, ni nani huenda chumbani kumuuliza binti kama yuko radhi mahari yake ya leo iwe ahadi, ili shela lilipwe? Katika Surat An-Nisaa, aya ya 4, Allah (SW) ameamrisha wanawake wapewe mahari yao, na akahalalisha kula katika hiyo kile tu ambacho wao wenyewe wametoa kwa radhi ya nafsi zao. Amri hiyo haikuelekezwa kwa mjomba wala kwa kamati ya harusi wasamehe kwa niaba yake. Mwanamke anaweza kuuza mahari yake akanunua cherehani, mbuzi au mbegu. Shela lililovaliwa saa sita halimpi kitu siku ya dhiki.

Lipo na jambo lingine linalozua ugomvi baada ya harusi: shela ni la nani? Bwana harusi akilinunua, je, ni zawadi, au ni sehemu ya mahari? Mizozo ya namna hii si ya leo. Mafaqihi wameijadili katika vitabu vyao tangu zamani, pale mume anapodai kuwa alichotoa kilikuwa mahari na mke akadai kuwa kilikuwa zawadi. Dawa ni kuandika. Siku ya kupatana mahari, karatasi iseme wazi: mahari ni kiasi hiki, mavazi ya harusi ni zawadi iliyo nje ya mahari, au ni ya gharama za upande fulani. Mistari miwili ya kalamu huokoa miaka ya maneno.

Na wale wanaokopa? Siku hizi ipo mikopo ambayo watu wenyewe wameipa jina la kausha damu, na jina hilo linatosha kuieleza. Kuanza ndoa kwa riba ili kuvaa satini ni kuweka moto chini ya kitanda cha maharusi. Hali kadhalika fedha za michango. Mtu aliyetoa mchango wake kwa ajili ya walima ametoa amana yenye kusudio. Kamati ya harusi isizihamishie kwenye gauni kimya kimya. Ikihitajika, waliochangia waulizwe.

Tuelekee sasa kwa waja wema waliotutangulia, kwani wao walioa na kuozesha katika dhiki na katika wasaa. Katika hadithi ya Sahl bin Saad (RA), iliyomo katika Bukhari na Muslim, mtu mmoja alitaka kuoa naye hana kitu isipokuwa shuka aliyojifunga. Akataka kuitoa kuwa mahari. Mtume (SAW) akamwonyesha kuwa shuka moja haiwezi kuwatosha wawili: akiivaa yeye, mke hana, akiivaa mke, yeye hana. Akamtaka atafute japo pete ya chuma, na alipoikosa, akamwozesha kwa Qur'ani aliyoihifadhi. Tazama jinsi nguo ilivyozungumzwa katika ndoa hiyo: kwa kipimo cha mahitaji ya watu wawili. Ali bin Abi Talib (RA) alipomuoa Bibi Fatima (RA), Mtume (SAW) alimuuliza kuhusu deraya yake, na hiyo ndiyo ikawa mahari. Swali lililotangulia lilikuwa haki ya mke.

Na mwaka wa 7 Hijria, katika safari ya kurejea kutoka Khaybar, Mtume (SAW) alimuoa Bibi Safiyya (RA). Mahari yake ilikuwa kuachwa kwake huru. Bibi Umm Sulaym (RA) akamtengeneza bibi harusi papo hapo njiani kwa kile kilichokuwapo. Asubuhi ngozi zikatandikwa, watu wakaleta tende, samli na jibini kavu, ikawa walima. Bibi harusi alipambwa, tena na mwanamke mwenye kujua. Hakuna aliyesema safari isimame mpaka lipatikane vazi la mjini.

Hapa tunawasikia kinamama wakituambia: nyinyi wanaume wa kamati hamjui lolote. Binti haolewi kila siku, na siku hiyo ana haki ya kupendeza. Tena mafundi wazuri ni wachache, mjini Sumbawanga ni kilomita 50 hivi kutoka hapa, Mbeya ni mbali zaidi, na ukingoja mpaka dakika ya mwisho utaletewa kitu kilichoshonwa kwa kulipua. Maneno haya ni ya kweli, na hatuyapuuzi. Kumpamba bibi harusi ni katika mambo mema, na fundi anayebanwa na kazi za sikukuu na harusi kwa pamoja hawezi kufanya miujiza.

Ndiyo sababu tunatenganisha mambo matatu ambayo watu huyachanganya: kutazama, kulipia na kushona. Kutazama kunaweza kuanza mapema. Binti na mama yake, au somo wake, wakae wazungumze anapenda nini, kitambaa gani, mshono gani, na bei za mahali mbalimbali zikoje. Bei hiyo iingizwe katika makadirio ya harusi kama gharama nyingine. Hilo lafaa, na tena humpa binti sauti katika mpango wake, badala ya kumkuta kila kitu kimeamuliwa na wengine. Kulipia kungoje mpaka mahari imetolewa au imekubaliwa kwa ridhaa yake, tarehe imethibitishwa, na kiwango cha juu cha matumizi kimewekwa. Kushona kuanze mara baada ya hapo, wiki sita au saba kabla ya siku yenyewe, na kipimo cha mwisho kifanyike wiki moja kabla.

Kuhusu malipo ya awali, tunaonya. Maduka mengi huchukua arbuni, na ukighairi hairudi. Wanachuoni wamekhitilafiana juu ya arbuni ya namna hii: wengi wao, wakiwemo Mashafi, hawaikubali, Mahanbali wameijuzisha. Yeyote utakayemfuata, usitoe fedha kabla hamjaandikiana nini kitatokea tarehe ikisogezwa. Wazee wetu walisema, usikate mbeleko na mwana hajazaliwa. Posa huvunjika, misiba hutokea, na shela lisilo na ndoa ni huzuni inayoning'inia kabatini.

Tumalizie na vazi moja lililo maarufu katika vitabu vya hadithi. Imam Bukhari amepokea kwamba Bibi Aisha (RA), mama wa waumini, alionekana siku moja amevaa vazi la kitambaa kizito lenye thamani ya dirham 5, vazi ambalo hata mjakazi wake alilidharau kulivaa ndani ya nyumba. Akaeleza kwamba zama za Mtume (SAW) alikuwa na vazi mfano wa hilo, na hakuna mwanamke aliyekuwa akipambwa Madina ila alituma kuliazima. Imam Bukhari akaiweka hadithi hiyo chini ya mlango wa kumuazimia bibi harusi vazi.

Zingatia, ndugu msomaji. Mabibi harusi wa Madina, katika kizazi bora cha umma huu, walivaa nguo ya kuazima, nao hawakupungukiwa na heshima. Waswahili tuna methali isemayo kuwa cha kuazima hakisitiri maungo, na ni onyo jema kwa mtu anayejikweza kwa mali ya wenziwe. Lakini vazi la Bibi Aisha (RA) liliwasitiri wengi, kwa kuwa lilitolewa kwa wema na likavaliwa bila ya kujikweza.

Kutokana na hadithi hii tunaleta pendekezo kwa misikiti ya Kalambo na kwingineko. Kinamama wa kila msikiti wawe na sanduku la mavazi ya harusi: magauni matatu au manne ya vipimo tofauti, yenye sitara, pamoja na mitandio, na moja liwe la kitambaa kizito kwa miezi ya baridi. Aliyekwisha kuolewa na shela lake linaliwa na nondo atoe kwa ajili ya Allah. Daftari la kuazima liwe mikononi mwa wanawake wawili waaminifu, na majina yaliyomo yasisomwe mbele ya watu, kwani kumsitiri Muislamu ni ibada. Anayeazima alirudishe likiwa safi na zima, na likiharibika kwa uzembe wake alitengeneze, kama zilivyo hukumu za ariya. Hata binti wa tajiri akiazima, asishangaliwe. Akianza yeye, binti wa masikini ataazima bila ya kuinamisha kichwa.

Kwa muhtasari, enyi wazazi: ridhaa ya binti, kisha mahari, kisha tarehe na taarifa kwa msajili, kisha mahali na utaratibu wa wageni, kisha kiwango cha fedha. Mkifika hapo, mwiteni fundi, au fungueni sanduku la kinamama. Vijana wanaongoja kuoana wako wengi, na wengine wanaogopa gharama kuliko wanavyoiogopa zinaa. Tusiwe sisi wazazi na kamati tuliowafungia mlango wa halali kwa kipande cha kitambaa.

Tunamuomba Allah (SW) azibariki ndoa za msimu huu, awape maharusi mavuno ya riziki na mavuno ya watoto wema, na atuvishe sote vazi la ucha Mungu. Amin.

Wabillahi tawfiq.